Daraja

Miaka kumi na tisa nilihesabu watu Kigongo,
wanaopanda kivuko kwenda Busisi na wanaorudi,
mbuzi kwa tiketi yake, baiskeli kwa yake,
mtoto wa mgongoni bure.
Kisha daraja likakamilika, nikapewa mkono wa kwaheri
na kile kibonyezo cha chuma cha kuhesabia,
kwa kuwa hakuna mwingine aliyekitaka.

Sasa nahesabu safari za Nkwimba kwenda chooni.

Ni hatua ishirini na mbili kutoka kitandani,
ukizunguka jiwe la mwenye nyumba, lile kubwa
aliloliacha uani baada ya kushindwa kulipasua.
Mlango wa bati. Kata, ndoo, ndala za wapangaji.
Siku ya tatu baada ya dripu tumbo lilianza,
na mimi, mtu wa kazi, nikabonyeza.

"Daraja la kwanza," Sista Kokusima alisema kule Bugando,
"ni safari chini ya nne juu ya kawaida yake."
Nikashtuka. Daraja nililijua moja,
lile lililokula ugali wangu.
"La pili, nne hadi sita. La tatu, saba na kuendelea,
au akishindwa kujizuia. Hapo usipige simu kuuliza, mlete.
La nne, ungemleta jana."
La tano hakulisoma. Alikunja karatasi
akanikabidhi pamoja na pakiti za chumvichumvi.

"Na kawaida yake ni ngapi?"
Miaka thelathini na moja ya ndoa
na sikujua mke wangu huenda mara ngapi.
Alijibu mwenyewe, akitazama sakafu: "Moja. Asubuhi."
Basi toa moja. Kila hesabu, toa moja.

Nimejifunza. Lita ya maji yaliyochemshwa yakapoa,
pakiti nzima, si nusu, anywe funda kwa funda
hata akininunia.
Uji mwembamba, ndizi mbivu, wali uliolainika.
Maziwa hapana, hata ya mgando ya dada yake wa Magu.
Sato wa kuchemsha, na mafuta yabaki kwenye chupa.
Vidonge vya kufunga tumbo kwa kipimo alichoandika daktari,
na kukiwa na homa au damu visiguswe: simu kwanza.
Mkojo wake nautazama rangi. Ndiyo, natazama.
Nampaka mafuta palipochubuka, mahali
nilipopafahamu ujanani kwa shughuli nyingine,
naye anacheka, kifua kikimuuma:
"Kondakta, leo umenikatia tiketi ya wapi?"

Jumatano kibonyezo kilisema nne.
Toa moja, tatu. La kwanza. Nikalala fofofo.
Asubuhi ndoo niliyoijaza imefika nusu,
na nyayo zake chini ya shuka
zina matope ya mvua ya saa nane usiku.

Alinyamaza hadi jua likapanda juu ya jiwe.
"Wakijua, wataahirisha dripu ya Jumatatu.
Nataka iishe, Baba Limi. Nilivua ndala ili usiamke."

Sikumgombeza. Uongo huo nami nimewahi kuuandika.
Sikukuu moja niliambiwa, andika mia mbili,
na watu walikuwa wamejaa hadi kwenye ngazi.
Kivuko kikalala ubavu, maji yakaja kulamba viatu vyetu,
mama mmoja akaanza kutaja majina ya wanawe.
Tulifika. Lakini tangu siku ile najua
maji hayasomi daftari.

"Ngapi?" nikamwuliza.
Akainua vidole vinne, vimekunjamana
kama vya mtu aliyefua kutwa.
Nne na nne, nane. Toa moja.

Saba.

Bajaji ilitusubiri chini ya mteremko, na nilimbeba,
mwepesi kuliko gunia la dagaa, ulimi wake mkavu.
Kupanda kile kilima cha Bugando aliomba tusimame mara mbili.
Mara ya pili, aliporudi akiegemea bega langu,
alinyoosha mkono, akakichukua kibonyezo mfukoni mwangu,
akabonyeza mwenyewe,
kwa nguvu, dereva akageuka.